Lori la mchanga likinaswa: Njia za kisheria za kulirejesha kwa mwenyewe

MAGHOROFA ya kupangisha yanayozidi kuchipuka Kayole, Umoja, Pipeline, Njiru, Utawala na Ruai hujengwa kwa mchanga ambao kwa kiasi kikubwa hautoki Nairobi. Husafirishwa kwa malori kutoka kaunti jirani za Machakos, Makueni na Kajiado, kupitia Barabara ya Mombasa, ile ya Kangundo na njia nyingi za vumbi zinazoungana nazo.

Katika biashara hiyo, lori ndilo mtaji. Mara nyingi limenunuliwa kwa mkopo wa benki au wa chama cha akiba na mikopo, na mapato yake ndiyo yanayolipa mkopo huo, ujira wa dereva na utingo, na karo ya watoto. Likinaswa na mchanga usio na kibali, kisha likaegeshwa katika ua wa kituo cha polisi, hasara huanza siku hiyo hiyo. Tarehe ya kulipa mkopo haisubiri kesi. Betri hufa, magurudumu hupasuka kwa jua, na si ajabu vipuri kutoweka kimoja baada ya kingine.

Wamiliki wanaofikwa na jambo hilo hupotoka kwa njia mbili. Wapo wanaokata tamaa wakidhani kwamba lori limekwisha kuwa mali ya serikali. Wapo pia wanaoamini kwamba suluhisho ni kumtafuta mtu wa kuzungumza naye pembeni. Wote wanakosea. Lori lililokamatwa hubaki mali ya mwenyewe hadi mahakama itakapoamua vinginevyo, na sheria za Kenya zimeweka nafasi za kuomba lirudishwe kabla ya kesi, wakati wa kesi na baada ya hukumu. Linalomponza mmiliki ni kubisha mlango usiofaa, au kufika umechelewa.

Kwa nini malori hukamatwa

Ili kuelewa ukali wa sheria, ni vyema kuanzia mtoni. Mito mingi ya Ukambani hutiririka msimu wa mvua tu. Mvua zikiisha, maji hujificha ndani ya mchanga, ambako jua haliwezi kuyafyonza kwa urahisi. Wakazi huchimba visima vifupi kwa mikono katika mikondo hiyo na kupata maji ya kunywa na ya mifugo hata wakati wa kiangazi. Mchanga ukizolewa hadi mwamba ukabaki wazi, ghala hilo la maji huwa limevunjwa. Kingo za mto nazo huporomoka, na nguzo za madaraja kubaki bila kishikizo.

Uhasama kuhusu mchanga umewahi kumwaga damu katika kaunti ya Makueni, ambako wanaopinga uchimbaji na wanaoufaidi wamekabiliana mara kadhaa. Wala tatizo hilo si la Kenya peke yake. Shirika la Mazingira la Umoja wa Mataifa, ambalo makao yake makuu yako Gigiri, Nairobi, lilieleza katika ripoti yake ya mwaka 2022 kwamba dunia hutumia takriban tani bilioni 50 za mchanga na kokoto kila mwaka.

Sheria zinazogusa lori la mchanga ni kadhaa. Iliyo pana zaidi ni Sheria ya Usimamizi na Uratibu wa Mazingira ya mwaka 1999, ambayo ndiyo iliyounda mamlaka ya NEMA. Mwaka 2007 ulitolewa mwongozo wa kitaifa kuhusu uvunaji wa mchanga. Mwongozo huo unataka mchanga uzolewe kati ya saa 12 asubuhi na saa 12 jioni, shimo lisizidi futi sita kwenda chini, na uchimbaji usifanywe ndani ya mita 100 kutoka kwa madaraja, barabara na reli. Malori nayo yanatakiwa kupakia katika vituo vilivyotengwa na kutumia njia zilizoidhinishwa.

Baada ya ugatuzi, kaunti nazo zilianza kujitungia sheria. Makueni ilipitisha sheria yake ya kuhifadhi na kutumia mchanga mwaka 2015, ikaunda mamlaka maalumu ya kuisimamia na kuzuia mchanga wake kusafirishwa nje ya mipaka ya kaunti. Hivyo mjenzi wa Nairobi anayeletewa mchanga wa Makueni huenda akawa ananunua mali ambayo haikufaa kuvuka mpaka hata kidogo.

Kukamatwa si kutaifishwa

Kuna hatua tatu ambazo mara nyingi huchanganywa. Ya kwanza ni kukamatwa, pale polisi, afisa wa NEMA au wa kaunti anapolisimamisha lori na kulipeleka kituoni. Ya pili ni kuzuiliwa kama kielelezo, yaani kuwekwa ili lionyeshwe mahakamani kuthibitisha kosa. Ya tatu ni kutaifishwa, ambapo mmiliki hupoteza haki yake na lori kuwa mali ya serikali.

Hatua mbili za mwanzo ni za muda. Hiyo ya tatu ndiyo ya kudumu, na huhitaji uamuzi unaotegemea sheria. Kifungu cha 40 cha Katiba ya mwaka 2010 kinalinda haki ya kumiliki mali na kukataza mtu kunyang'anywa mali yake kiholela. Kifungu cha 47 kinamhakikishia kila mtu uamuzi wa kiutawala ulio halali, wa haraka na wa haki, na kudai sababu za maandishi iwapo haki yake imeathiriwa. Afisa aliyelikamata lori ana uwezo wa kulizuia, lakini uwezo huo haumgeuzi kuwa hakimu.

Swali la kwanza: Nani analishikilia, na kwa sheria gani?

Kabla ya kumtafuta wakili, mmiliki anapaswa kupata majibu ya maswali manne. Lori liko kituo gani? Limeandikishwa kwa nambari gani katika kitabu cha matukio, maarufu OB? Ni idara ipi iliyolikamata? Dereva anashtakiwa, au atashtakiwa, kwa kosa gani?

Jibu la swali la mwisho ndilo huamua njia ya kufuata. Lori lililokamatwa kwa kubeba uzani kupita kiasi linasimamiwa na sheria za barabara, na suala lake ni tofauti na la lori lililobeba mchanga usio na kibali. Lililokamatwa chini ya sheria ya kaunti nalo halifuati masharti yote ya lile lililokamatwa chini ya sheria ya mazingira. Huenda pia lori moja likakabiliwa na makosa mawili au matatu kwa pamoja. Kulipa faini ya kosa moja hakufuti mengine.

Jambo jingine ni mahali. Kwa kawaida, kosa husikizwa na mahakama ya eneo lilikotendeka. Mmiliki anayeishi Buruburu au Donholm huweza kudhani kwamba kesi yake ni ya Mahakama ya Makadara, kwa kuwa ndiyo iliyo karibu, kwenye Barabara ya Jogoo. Lakini ikiwa lori lilinaswa likipakia mtoni Makueni, ombi la kuliachilia litapelekwa katika mahakama inayosimamia eneo hilo. Lililonaswa njiani huenda dereva wake akashtakiwa Mavoko, Kangundo, Machakos au Kajiado, kwani kosa la safarini laweza kusikizwa na mahakama ya eneo ambalo safari ilipitia. Kupeleka ombi pasipostahili ni kupoteza siku ambazo lori linaendelea kuoza.

Kabla ya mashtaka

Katiba inataka mtu aliyekamatwa afikishwe mahakamani kabla ya saa 24 kupita, au siku inayofuata ya kazi iwapo muda huo unakwisha mahakama ikiwa imefungwa. Saa hizo zinamhusu mtu. Lori halikuwekewa saa kama hizo, na hapo ndipo wengi huumia: dereva hutoka kwa dhamana kesho yake, lakini lori hubaki ndani kwa miezi.

Hata hivyo, mali haiwezi kushikiliwa bila kikomo. Kifungu cha 121 cha Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Jinai, Sura ya 75, kinasema kwamba kitu kilichotwaliwa na kufikishwa mbele ya mahakama kinaweza kuzuiliwa hadi kesi au uchunguzi ukamilike, na kwamba uangalifu wa kutosha lazima uchukuliwe ili kisiharibike. Kisha, ikiwa hakuna rufaa na hakuna mtu aliyepelekwa kushtakiwa, mahakama huagiza kirejeshwe kwa aliyetwaliwa, isipokuwa kama sheria inataka kishughulikiwe kwa namna nyingine.

Siku zikipita bila mashtaka yoyote, mmiliki aandike barua kwa mkuu wa kituo na kwa idara iliyolikamata lori, aeleze umiliki wake na kuomba sababu za kuendelea kulizuilia. Nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa aihifadhi. Barua hiyo yaweza kumaliza jambo. Isipofanikiwa, itakuwa ushahidi mbele ya hakimu, au mbele ya Mahakama Kuu iwapo italazimu kudai haki za kikatiba.

Wakati kesi inaendelea

Hii ndiyo hatua ambayo malori mengi yanaweza kurudi barabarani. Kesi huahirishwa mara kwa mara: shahidi hakufika, hakimu amehamishwa, faili haionekani. Lori halihitaji kusubiri yote hayo, mradi mahakama iridhike kwamba ushahidi hautapotea.

Mmiliki huwasilisha ombi likiandamana na hati ya kiapo. Hueleza jinsi lori lilivyomfikia, kazi linayofanya, deni lililopo, hasara anayopata na hatari ya lori kuharibika. Huonyesha pia kwamba picha zaweza kuchukua nafasi ya chombo chenyewe. Sheria ya Ushahidi, kifungu cha 78, inaruhusu picha zilizothibitishwa kwa cheti cha afisa aliyeidhinishwa kupokewa kama ushahidi. Lori hupigwa picha pande zote likiwa na mzigo wake, nambari za usajili, za chesisi na za injini zikionekana, kisha ombi la kuliachilia husikizwa.

Upande wa mashtaka hupewa nafasi ya kujibu. Afisi ya Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma isipopinga, jambo huweza kumalizika mapema. Ikipinga, itatarajiwa kueleza kwa nini picha hazitoshi. Mahakama ikikubali, kwa kawaida huweka masharti: mmiliki atie sahihi hati ya dhamana ya thamani fulani, asiliuze wala kulibadilisha rangi lori, na alilete kila linapohitajika. Kukiuka masharti hayo ni kujitafutia kesi nyingine.

Mahakama za Kenya si za kwanza kukumbana na swali hili. Nchini India, ambako vita dhidi ya wachimbaji haramu wa mchanga ni vikali, Mahakama ya Juu ilitoa mwongozo mwaka 2002 katika kesi ya Sunderbhai Ambalal Desai dhidi ya Jimbo la Gujarat. Ilisema kwamba hakuna faida ya kuacha magari yakae muda mrefu vituoni. Hakimu anafaa kutoa agizo mapema, picha na orodha ya mali zikichukuliwa na mmiliki akiweka dhamana ya kulirudisha gari likihitajika. Uamuzi huo haufungi mahakama za Kenya, lakini wakili anaweza kuutaja kama mfano wa hoja iliyokubalika katika nchi nyingine yenye mizizi ya sheria za Kiingereza.

Hakimu akikataa ombi, bado mmiliki hajafika mwisho wa njia. Vifungu vya 362 hadi 364 vya Sura ya 75 vinaipa Mahakama Kuu uwezo wa kuchunguza uhalali wa maagizo ya mahakama za chini.

Baada ya hukumu

Dereva akiachiliwa huru, au mashtaka yakiondolewa, kwa kawaida lori hurudi. Hata hivyo, mmiliki asiondoke mahakamani akidhani kwamba lori litajifungulia lango. Ni lazima aombe agizo la maandishi linalolitaja lori kwa nambari yake, kisha alipeleke kituoni.

Hatari kubwa iko pale dereva anapopatikana na hatia, au anapokiri kosa haraka ili alipe faini aende zake. Kifungu cha 146 cha sheria ya mazingira kinaipa mahakama uwezo wa kuagiza gari na vifaa vilivyotumiwa kutenda kosa vitaifishwe, hata pasipo mtu kupatikana na hatia, mradi mahakama iridhike kwamba kosa lilitendeka. Kwa hivyo, kukiri kosa kunakoonekana kumwokoa dereva siku hiyo kunaweza kumgharimu tajiri wake lori zima. Mmiliki anayekaa nyumbani akimwachia dereva kesi hugundua hayo jambo likiwa limekwisha kuamuliwa.

Hapo ndipo kifungu cha 389A cha Sura ya 75 kinapokuwa ngao. Kinahusu hali ambapo sheria inaruhusu mali itaifishwe bila kulazimisha, wala haielezi utaratibu wa kufuata. Katika hali hiyo, mahakama sharti imjulishe anayeaminika kuwa mmiliki mahali na wakati wa kufika aeleze kwa nini mali yake isichukuliwe. Mmiliki asipojulikana au asipopatikana, tangazo huchapishwa gazetini.

Mahakama ikiona kwamba mmiliki hana hatia, haitataifisha mali yake. Lakini kutokuwa na hatia kuna vipimo vitatu. Hakujua kwamba lori lingetumiwa hivyo. Hangeweza kujua hata kama angekuwa mwangalifu. Na alichukua kila hatua ya busara kuzuia lisitumiwe hivyo. Mwenye lori anayelikodisha Kayole kwa mkataba ulioandikwa, unaokataza kubeba mchanga usio na kibali, na anayedai stakabadhi za kila safari, ana la kusema. Mwenye lori ambaye hulipokea alfajiri likiwa limelowa mchanga wa mtoni, akahesabu fedha bila kuuliza, atapata taabu kueleza uangalifu wake ulikuwa upi.

Kifungu hicho hakijawasahau wenye sehemu ya mali, kama vile benki. Mahakama ikiona kwamba mtu asiye na hatia ana hisa katika lori, yaweza kuagiza liuzwe na mtu huyo apewe fungu lake la haki. Ndiyo maana ni busara kumjulisha mkopeshaji mapema badala ya kumficha.

Nani hasa ndiye mwenye lori?

Maombi mengi hukwama hapa. Kifungu cha 8 cha Sheria ya Trafiki kinamchukulia aliyeandikishwa kuwa ndiye mmiliki wa gari, hadi ithibitishwe vinginevyo. Katika mitaa ya Eastlands, malori mengi hupita mikononi mwa watu watatu au wanne kwa hati za mauzo tu, jina katika cheti cha usajili likibaki la mnunuzi wa kwanza. Siku ya kesi, anayedai lori hana cheti chenye jina lake, na mwenye jina hapatikani au amekwisha kuaga dunia.

Hali hiyo yaweza kurekebishwa kwa hati ya mauzo, stakabadhi za malipo, bima na kiapo cha muuzaji, lakini ni kazi ndefu inayofanywa lori likiwa limezuiliwa. Kubadilisha umiliki mapema kupitia mamlaka ya usafiri, NTSA, ni rahisi kuliko kuuthibitisha mbele ya hakimu. Wahenga walisema kwamba mali bila daftari hupotea bila habari.

Mchanga wenyewe ni suala jingine. Agizo la kuachilia lori si lazima liguse mzigo. Ikiwa mchanga ulichotwa bila kibali, mwenye lori hana msingi wa kudai arudishiwe, na mara nyingi ni heri asiuchanganye na ombi lake.

Njia ya mkato

Kuna wanaoshawishika kutoa hongo. Sheria ya Hongo ya mwaka 2016 inamhesabu anayetoa kuwa mkosaji sawa na anayepokea. Zaidi ya hayo, lori lililotoka usiku bila agizo halina karatasi ya kuonyesha kwamba suala lake lilikwisha. Faili likiwa bado wazi, lori hilo laweza kukamatwa tena wiki ijayo, na safari hii mmiliki atakuwa na maswali mawili ya kujibu. Malipo halali, yawe faini, dhamana au ada ya kuegesha, huwa na stakabadhi rasmi.

Kinyume chake ni kulitelekeza lori. Magari yasiyodaiwa huishia kutangazwa katika Gazeti Rasmi la Serikali na magazeti mengine, kisha kuuzwa kwa mnada. Asiyefuatilia matangazo hayo huenda akaliona lori lake barabarani likiendeshwa na mtu aliyelinunua kihalali.

Wakili atagharimu fedha, na si kila mmiliki anazo. Lakini mwenye nambari ya OB, cheti cha usajili, bima, mkataba wa kukodisha na nakala ya barua aliyoipeleka kituoni, huwa amepunguza kazi ya wakili huyo kwa kiasi kikubwa. Na kwa mwenye lori ambalo bado liko barabarani, karatasi za kutafuta ni hizo hizo, pamoja na kibali cha mchanga na stakabadhi ya kituo ulikopakiwa. Anayejenga Utawala au Ruai naye ana haki ya kuomba aonyeshwe stakabadhi hiyo kabla ya mzigo kumwagwa mlangoni pake, kwa kuwa ndiyo itakayomwambia kama mto uliotoa mchanga huo bado una maji.